Kuiomba Mahakama Kuu ya Zanzibar iifilisi kampuni isiyolipa madeni: mwongozo kamili kwa mdai

Mfanyabiashara anayeiuzia hoteli samaki na mboga, fundi aliyemaliza ujenzi wa mabanda ya wageni, na mwenye magari ya kubebea watalii, wote wanaweza kufika mahali ambapo ankara zimerundikana, ahadi hazitimizwi na simu hazipokelewi. Katika hali hiyo wengi hushauriwa waende mahakamani kuomba kampuni ifilisiwe. Ushauri huo unaweza kumsaidia mdai na unaweza pia kumwongezea hasara, kwa sababu ombi la ufilisi halikuwekwa na sheria kuwa njia ya mtu mmoja kukusanya deni lake. Ni shauri la wadai wote: anayelifungua hulifungua kwa manufaa yao wote, na amri ikitolewa hapewi nafasi ya mbele kwa sababu yeye ndiye aliyetangulia kufika mahakamani. Mdai asiyelielewa jambo hili tangu mwanzo hutumia fedha nyingi za wakili kisha akajikuta anagawana kidogo kilichobaki na watu ambao hawakutoa hata senti moja ya gharama.

Mambo ya kampuni si ya Muungano. Zanzibar ina Sheria yake ya Makampuni, Na. 15 ya mwaka 2013, na msajili wake ni Wakala wa Usajili wa Biashara na Mali, unaojulikana kwa kifupi kama BPRA. Kampuni iliyoandikishwa Tanzania Bara iko chini ya BRELA, msajili wa huko, na sheria ya huko, hata kama hoteli yake imejengwa Nungwi na wafanyakazi wake wote ni wa Unguja. Kwa hiyo kazi ya mwanzo hufanyika kwenye daftari la msajili, kabla mtu hajafikiria mahakama.

Hatua ya kwanza: mtambue mdaiwa kwa jina lake la kwenye daftari

Wadai wengi hupoteza haki zao hapa, nami nitakaa hapa kidogo. Jina lililoandikwa kwenye bango la hoteli ya Paje au Kiwengwa mara nyingi ni jina la kibiashara tu. Nyuma yake inaweza kuwapo kampuni yenye jina tofauti kabisa, na pengine zipo kampuni mbili, moja inamiliki mkataba wa ukodishaji wa ardhi na nyingine inaajiri wafanyakazi na kununua vyakula. Ankara iliyoandikwa jina la bango haimtaji mtu yeyote anayetambulika kisheria, na barua ya madai iliyopelekwa kwa jina hilo inaweza kukataliwa kwa sababu hiyo peke yake.

Omba upekuzi wa kampuni kwa BPRA na ulipie ada yake. Tafuta mambo manne: jina kamili na namba ya usajili, anwani ya ofisi iliyosajiliwa, majina ya wakurugenzi, na rehani au dhamana zozote zilizosajiliwa dhidi ya mali za kampuni. Jambo la nne ndilo litakalokuonesha kama kutakuwa na kitu cha kugawana. Ikiwa benki imeshika rehani juu ya karibu kila kitu, wewe usiye na dhamana utasubiri hadi benki itosheke.

Ulinganishe upekuzi huo na karatasi zako. Oda ya manunuzi ilipigwa muhuri wa kampuni gani? Malipo ya nyuma yaliingia kutoka akaunti ya nani? Leseni ya biashara iliyobandikwa mapokezi imeandikwa jina gani? Majibu yakitofautiana, mdaiwa wako halisi ni yule aliyeingia mkataba nawe, na hilo inafaa wakili alitolee rai kabla hujaandika barua yoyote.

Hakikisha pia kwamba unashughulika na kampuni kweli. Mtu binafsi aliyesajili jina la biashara tu hafilisiwi kwa njia hii, kwani yeye hubeba deni mwenyewe na hushitakiwa kwa jina lake. Vyama vya ushirika vina sheria yao. Mashirika ya umma yaliyoundwa kwa sheria zao wenyewe, kama ZSTC inayonunua karafuu, hayaingii katika daftari la makampuni, na mwenye dai dhidi yao hutafuta njia nyingine.

Hatua ya pili: lithibitishe deni lako mpaka lisiwe na mgogoro

Mahakama ya ufilisi haikai kusikiliza kama samaki walikuwa kilo 80 au 60, wala kama vigae vilipachikwa vizuri au vibaya. Kampuni ikionesha kwamba inalipinga deni kwa nia njema na kwa sababu za msingi, ombi hutupwa na mdai huambiwa afungue kesi ya kawaida ya madai. Msimamo huu ni wa zamani. Katika shauri la London and Paris Banking Corporation la mwaka 1874, mahakama ya Uingereza ilieleza kwamba kampuni inayokataa kulipa kwa sababu ina ubishi wa kweli haihesabiki kuwa imepuuza kulipa. Mwaka 1968, katika shauri la Mann na Goldstein, iliamuliwa kwamba kutumia ombi la ufilisi kudai deni lenye mgogoro ni matumizi mabaya ya mahakama. Sheria yetu ya kampuni imetokana na mfumo huo, na wakili wa upande wa pili hatachelewa kuzitaja hukumu hizo.

Kusanya basi kila karatasi: mkataba kama upo, oda za manunuzi, hati za kupokelea mzigo zilizosainiwa na mtunza stoo au mpishi mkuu, ankara, taarifa ya akaunti, na risiti za malipo ya sehemu. Ushahidi wenye nguvu kuliko wote ni maneno ya mdaiwa mwenyewe. Barua pepe ya mhasibu inayosema "tutalipa baada ya msimu", ujumbe wa simu wa mkurugenzi unaoomba muda, cheki iliyorudi benki kwa kukosa fedha, na makubaliano ya kulipa kwa awamu ambayo yamevunjwa, vyote hivyo ni kukiri deni. Vihifadhi pamoja na tarehe zake, na usifute ujumbe wowote katika mazungumzo hayo, hata ule usiokupendeza.

Ikiwa hukuwa na utaratibu wa kusainisha, bado una nafasi. Peleka taarifa ya akaunti yenye kila ankara na tarehe yake, uiombe kampuni kwa maandishi ithibitishe salio ndani ya siku maalumu. Wahasibu wengi hujibu barua ya namna hii bila ya kusita kwa sababu ni ya kawaida wakati wa ukaguzi wa hesabu, na jibu hilo linaweza kuwa ndilo litakalobeba ombi lako lote.

Angalia mambo mawili zaidi. Kwanza, mkataba wako unaweza kuwa na kifungu cha usuluhishi kinachotaka mgogoro uende kwa msuluhishi kabla ya mahakama. Pili, deni lililopitwa na ukomo wa muda wa kudai haliwezi kuwa msingi wa ombi.

Iwapo ubishi wa kweli upo, ninashauri kwa mkazo kwamba ufungue kesi ya madai kwanza na upate hukumu. Hukumu humaliza ubishi. Ukijaribu kuikazia na dalali wa mahakama akarudi na taarifa kwamba hakukuta mali ya kutosha, taarifa hiyo yenyewe ni uthibitisho kwamba kampuni haiwezi kulipa madeni yake. Njia hii ni ndefu lakini ndiyo yenye msingi imara zaidi.

Hatua ya tatu: tofautisha kuchelewa na kushindwa

Uchumi wa visiwa hivi unafuata misimu. Wakati wa masika, hasa Aprili na Mei, hoteli nyingi za pwani hupunguza kazi au hufunga kabisa, na fedha hurudi wageni wanapoongezeka Julai na Agosti, na tena mwishoni mwa mwaka. Hoteli inayochelewesha malipo ya Aprili mpaka Julai, na kila mwaka hulipa, ina tatizo la msimu. Hoteli iliyopita katika Agosti iliyojaa wageni bila ya kulipa ankara za Februari ina tatizo jengine kabisa, na hiyo ndiyo dalili ya kuifuatilia. Dalili nyengine ni mishahara ya miezi kadhaa isiyolipwa, michango ya wafanyakazi isiyopelekwa Mfuko wa Hifadhi ya Jamii, wauzaji wapya kila baada ya wiki chache, na mali zinazohamishwa usiku kwenda kwenye kampuni nyengine ya wakurugenzi walewale.

Kampuni ambayo bado inafanya kazi na ina soko zuri huwa na thamani kubwa ikiwa hai kuliko ikiuzwa vitanda na majokofu. Makubaliano ya maandishi ya kulipa kwa awamu, yenye kukiri deni lote na dhamana binafsi ya mkurugenzi, mara nyingi humpa mdai zaidi ya atakachopata kwa mfilisi, yaani mtu anayewekwa kukusanya na kuuza mali za kampuni na kuwagawia wadai. Dhamana hiyo ina uzito wa pekee, kwa sababu tangu hukumu maarufu ya Salomon ya mwaka 1897 inajulikana kwamba kampuni ni mtu kamili mbele ya sheria, mbali na wenye hisa wake, na deni lake si deni lao mpaka wao wenyewe wakubali kulibeba au mahakama iwabebeshe.

Hatua ya nne: hati ya madai

Njia ya kawaida ya kuthibitisha kwamba kampuni haiwezi kulipa ni kuipelekea hati ya madai, kuipa muda uliowekwa na sheria, na muda huo kupita bila ya kulipwa wala kupewa dhamana au mapatano yanayokuridhisha. Nchi zinazofuata mfumo wa Kiingereza hutofautiana katika kima cha chini cha deni, kwani Kenya imeweka shilingi 100,000 zao na Uingereza pauni 750, lakini zote mbili hutoa wiki tatu. Wakili wako na aandike hati akiwa na kifungu cha Sheria Na. 15 ya 2013 mbele yake, na kwa usalama muda uliotajwa usipungue siku 21 kamili, bila ya kuihesabu siku ya kupokelewa.

Hati iandikwe kwa jina la kampuni kama lilivyo kwenye daftari. Itaje kiasi kinachodaiwa na sarafu yake, namna deni lilivyotokea, tarehe lilipoiva, mahali pa kulipia, na kauli ya wazi kwamba usipolipwa utaiomba Mahakama Kuu iifilisi kampuni. Dai kiasi unachoweza kukithibitisha tu. Ukiongeza riba ambayo mkataba haukuitaja, au fidia ya usumbufu, umempa mdaiwa ubishi aliokuwa hana.

Ipelekwe kwenye ofisi iliyosajiliwa. Kuiacha mapokezi ya hoteli huku ofisi iliyosajiliwa ikiwa Mjini si makabidhiano sahihi. Nenda na kitabu cha makabidhiano, upate saini, jina, tarehe na muhuri kwenye nakala. Ukikuta ofisi imefungwa au imehama, mpate Sheha wa shehia ile ashuhudie hali hiyo, aliyekwenda kuipeleka aandike hati ya kiapo kuhusu alichokikuta, na wakili aeleze hatua inayofuata.

Kwa upande wa mkurugenzi anayeipokea hati hii, jambo baya kuliko yote ni kunyamaza. Kama deni ni la kweli, aombe mapatano kwa maandishi. Kama sehemu yake ina ubishi, alipe ile isiyo na ubishi na aeleze sababu za kuipinga iliyobaki, tena kabla ya siku kwisha.

Hatua ya tano: ombi mahakamani

Ombi hupelekwa Mahakama Kuu ya Zanzibar. Mdai wa Pemba ana masjala ya Mahakama Kuu Chake Chake, na wakili wake atamweleza kama shauri litasikilizwa huko au litahamishiwa Unguja. Mahakama za Kadhi hazina mamlaka katika jambo hili, hata kama wahusika wote wamekubaliana kwenda huko.

Hati ya ombi hueleza kampuni ni ipi, ilisajiliwa lini, ofisi yake iko wapi, mtaji wake na shughuli zake, kisha deni na ushahidi wa kushindwa kulipa, na mwisho amri inayoombwa. Huambatana na hati ya kiapo ya mtu anayeyajua mambo hayo yeye mwenyewe. Nakala hupelekwa kwa kampuni, kisha ombi hutangazwa ili wadai wengine wajue na waamue kama wataliunga mkono au watalipinga. Tangazo huwekwa katika Gazeti Rasmi la Serikali na katika gazeti linalosomwa hapa, mathalani Zanzibar Leo.

Tangazo ni kitu kizito. Siku linapotoka, benki inaweza kuzuia akaunti, mawakala wa utalii wakahamisha wageni wao, na wauzaji wakataka fedha taslimu. Kwa sababu hiyo, mdaiwa mwenye ubishi wa kweli hukimbilia mahakamani kuomba zuio kabla halijatoka, na mdai anayelitumia kama kitisho cha kumlazimisha mtu alipe deni asilodaiwa hujiweka katika hatari ya kulipishwa gharama zote. Fuata utaratibu na muda uliowekwa, usitangaze mapema, na usiwapigie simu wateja wa kampuni kuwapa habari.

Ikiwa kuna hofu ya kweli kwamba mali zitahamishwa kabla ya siku ya kusikilizwa, mahakama inaweza kuombwa imteue mfilisi wa muda azilinde. Hofu hiyo ithibitishwe kwa ushahidi, kwa mfano shahidi aliyeona boti zikisajiliwa upya kwa jina jengine.

Siku ya kusikilizwa mahakama inaweza kulikataa ombi, kuliahirisha, au kutoa amri. Mdai ambaye deni lake halina mgogoro na ambaye hajalipwa kwa kawaida hupata amri, lakini wadai wengi wakubwa wakisema kwamba wanaona heri kampuni iendelee, jaji huwasikiliza. Kampuni ikikulipa asubuhi ya siku hiyo, mdai mwengine anaweza kuomba achukue nafasi yako, na shauri likaendelea. Asiyeridhika na uamuzi hukata rufaa Mahakama ya Rufani ya Tanzania.

Hatua ya sita: baada ya amri

Mambo hubadilika mara moja. Madaraka ya wakurugenzi hukoma na kuingia mikononi mwa mfilisi. Kesi dhidi ya kampuni husimama na haziendelei ila kwa ruhusa ya mahakama. Malipo na uhamishaji wa mali uliofanywa tangu ombi lilipofunguliwa huwa batili isipokuwa mahakama iuhalalishe, na hilo linakuhusu hata wewe: ukipokea fedha kimyakimya katika kipindi hicho, unaweza kutakiwa uzirudishe.

Wakurugenzi hutakiwa kumpa mfilisi taarifa ya mali na madeni. Naye hukusanya kilichopo, akachunguza malipo ya upendeleo kwa ndugu na marafiki, na akikuta biashara iliendeshwa kwa udanganyifu dhidi ya wadai anaweza kuiomba mahakama iwabebeshe wahusika madeni wao wenyewe.

Hapa Zanzibar kuna jambo ambalo mdai wa hoteli lazima alijue. Chini ya Sheria ya Ardhi Na. 12 ya mwaka 1992 ardhi ni ya umma, na kampuni ya hoteli kwa kawaida ina haki ya ukodishaji tu. Mfilisi hauzi kiwanja cha ufukweni, bali huuza kipindi kilichobaki cha mkataba pamoja na majengo, kwa masharti ya mkataba huo na kwa taratibu za Serikali. Kodi ya ardhi isiyolipwa na masharti ya uwekezaji yaliyovunjwa vinaweza kuipunguza sana thamani hiyo, kwa hiyo ulizia hali ya mkataba mapema, kabla ya kufungua ombi.

Kisha wasilisha uthibitisho wa deni kwa mfilisi, kwa fomu yake na ndani ya muda wake, pamoja na nakala za ushahidi wako. Kuwa mwombaji hakukuondolei wajibu huo. Nenda kwenye mkutano wa wadai, au mtume mtu mwenye idhini ya maandishi, kwani huko ndiko wadai hutoa maoni yao kuhusu mfilisi na kamati ya kumsimamia.

Mgawanyo hufuata daraja. Mwenye rehani juu ya mali maalumu hujilipa kutokana na mali hiyo. Katika kinachobaki hutangulia gharama za ufilisi, zikiwemo kwa kawaida gharama halali za mwombaji, kisha madeni ya kipaumbele kama mishahara na kodi, halafu dhamana zinazoelea, yaani zile zisizofungwa kwenye mali moja maalumu bali kwenye mali zinazobadilika kama bidhaa za stoo, ndipo wadai wa kawaida, na wenye hisa mwisho kabisa. Tuchukue mfano. Mali zimeuzwa kwa shilingi milioni 300. Benki yenye rehani inachukua milioni 200, gharama za ufilisi ni milioni 20, mishahara na kodi ni milioni 40. Zimebaki milioni 40 kwa wadai wa kawaida wanaodai jumla ya milioni 160, yaani senti 25 kwa kila shilingi moja. Muuza samaki anayedai milioni 12 anapata milioni 3. Fanya hesabu ya namna hii na wakili wako mara tu upekuzi wa BPRA unaporudi, kwa makisio ya chini, kisha uilinganishe na kile ambacho mkurugenzi yuko tayari kutia saini leo.

Mfilisi akimaliza hutoa hesabu zake za mwisho, mahakama humwachilia, na kampuni huvunjwa na kufutwa kwenye daftari. Likigundulika baadaye shamba, boti au akaunti iliyofichwa, mdai anaweza kuiomba mahakama itengue uvunjwaji huo ndani ya muda uliowekwa na sheria, hivyo yahifadhi majalada yako yote, pamoja na uthibitisho wa deni uliopokelewa na mfilisi, hata baada ya kulipwa fungu lako.